Tulivyomfuata Makori Nchi Tatu

Walimu wenzangu, nimechoka kuulizwa swali moja katika kila kona ya Nyamira. Nilitoka hapa na baba yangu kwenda kumleta mdogo wangu Makori, mbona nimerudi peke yangu? Mwalimu mkuu ameniuliza kwa hasira, kwa sababu shule ilifunguliwa bila mimi. Mama ananiuliza kila jioni. Akina mama wa sokoni wananiuliza huku wakichungulia nyuma yangu, kana kwamba nimewaficha wanaume wawili ndani ya kikapu. Sasa nayaandika yote mara moja, asome anayetaka. Habari za vibali na tiketi nitaziruka. Hazikumfurahisha mtu hata zilipokuwa zinatokea.

Nyamira hadi Kisii

Wengi wenu hamkumjua Makori. Alipomaliza shule, kabla ya uhuru kidogo, alipata kazi katika duka la vitambaa la Mzee Hirji pale Kisii mjini. Jioni watoto wa Hirji walikuwa wakicheza kriketi kwenye uwanja ulio nyuma ya maduka, na mpira wao ulikuwa haukomi kuingia kwenye migomba ya watu. Makori ndiye aliyetumwa kuutafuta. Akaupenda huo mpira, na siku moja mchezaji mmoja alipougua, wakampa gongo la kuupigia.

Tata, yaani baba yetu, aligundua siku alipopeleka ndizi mjini. Alimkuta mwanawe amesimama juani, ameshika kipande cha mbao, mbele ya vijiti vitatu vilivyochomekwa ardhini.

"Unalinda nini?" akamuuliza.

"Vijiti, Tata."

"Nani anavitaka?"

Tata alirudi nyumbani bila kupata jibu la kumtosha. Baada ya miaka michache mtoto mmoja wa Hirji alihamia Kampala, akamchukua Makori wakafanye kazi pamoja. Tukasikia kutoka kwa wachuuzi kwamba Makori anachezea Uganda. Halafu tukasikia kwamba hachezei tena. Halafu hatukusikia kitu.

Mwaka huu macho ya Tata yalianza kufifia. Mwanzoni alificha. Lakini mama alimkuta uani akilisalimia koti lake mwenyewe lililoanikwa kwenye ua, tena kwa heshima zote, akidhani ni mchungaji wa kanisa letu la Wasabato. Usiku huo Tata alisema, "Dunia nimeiona ya kutosha. Lakini uso wa Makori nataka kuuona mara moja kabla giza halijaingia." Likizo ya Agosti ilikuwa inaanza. Mimi ndiye mwenye Kiswahili na Kiingereza, na sina mume wa kuniuliza naenda wapi. Nikateuliwa.

Mama alitufungia ugali wa wimbi, ndizi za kuchoma na kibuyu cha maziwa ya mgando. Kibuyu kilipasukia Kebirigo, kabla hatujafika popote, na tuliingia Kisii tukinuka kama ndama.

Mzee Hirji bado yuko palepale. Nilipomtajia Makori, alinishika mkono akanipeleka kwenye dirisha la duka. Kioo chake kina ufa kutoka juu hadi chini, umezibwa kwa gundi.

"Hii Makori alifanya," akasema. "Pigo kubwa sana, mama. Mpira ilitoka kule kwa miti. Mimi nikakataa kubadilisha."

"Kwa nini Nairobi hawakumwita achezee Kenya?"

"Mimi niliandika Nairobi. Wakauliza Kisii iko upande gani. Nikaandika tena, nikawaelezea. Wakanyamaza."

Nilimtafsiria Tata. Akauliza kama Nairobi wameshajua Kisii iko wapi. Hirji akasema hana hakika.

Kisii hadi Kampala

Kutoka Kisumu hadi Busia hakuna la kusimulia, isipokuwa Tata alimshika mkono bwana mmoja mpakani, akamwita Makori, na yule bwana akakubali mpaka alipoulizwa jina la mama yake.

Kampala ilimpendeza Tata kwa sababu moja. Mwanamke wa hotelini alipotuuliza tutakula nini, akataja matoke. Sisi kwa Kikisii ndizi ni amatoke. Tata akaniambia, "Hawa ni watu wetu, walipotea tu njiani." Chakula kikaja kimepondwa, kimefungwa kwenye majani, laini kama uji. Tata akaonja, akaweka kijiko chini. "Walipotea zamani sana," akasema.

Klabu aliyochezea Makori tuliikuta imefungwa. Wenyewe wengi walikuwa Wahindi, na miaka mitatu iliyopita walilazimika kuondoka nchini. Uwanja umeota majani na mbuzi wanalisha. Alibaki mlinzi mmoja, mzee aliyewahi kuwa askari, mwenye Kiswahili cha kambini.

"Makoli? Makoli yetu?" Akasimama kama anayepiga saluti. "Ile mtu napiga mpila, mpila napotea. Ona kanisa ile? Mpila naanguka juu ya kanisa, padre natoka nje nauliza nani."

"Ni mdogo wangu. Ni Mkisii, kutoka Kenya."

Mlinzi akanitazama kwa huruma. "Hapana mama, nnyabo. Makoli ni mtu ya hapa. Alipiga Kenya yenyewe hapa hapa. Mtu ya Kenya atapiga Kenya namna gani?"

Tata aliposikia kwamba mwanawe aliwapiga Wakenya, aliniuliza kama kuna aliyeumia. Nikamweleza, kwa kadiri nilivyoelewa mwenyewe, kwamba hupigwa mpira, si watu. Akasema basi ni afadhali.

Mlinzi alituambia kwamba klabu ilipokufa, Makori aliweka magongo yake ndani ya gunia la mihogo, akapanda meli kwenda Tanzania. Nilimuuliza Tata kama turudi nyumbani. Alikuwa ameshachukua mfuko wake na anatembea, ila upande usio sahihi.

Ziwani

Meli ya kwenda Mwanza ilikawia bandarini hata tukaizoea. Ilipoondoka ilikuwa Ijumaa alasiri, na hapo ndipo nilipokumbuka shida. Jua lingezama na Sabato ingetukuta majini, na Tata hasafiri siku ya Sabato. Nilingoja anigombeze. Badala yake akachagua benchi, akaketi, akaweka mikono magotini.

"Usinisogeze," akasema. "Meli ndiyo inayosafiri. Mimi nimekaa."

Akakaa hivyo Jumamosi nzima. Bukoba watu walishuka, wengine wakapanda, wakamzunguka kama nguzo. Baharia mmoja akaniuliza kama mzee amepooza.

Chakula nacho kilikuwa kesi. Mpishi alileta samaki mweusi kwenye mchuzi, na Tata, kwa imani yake, hali samaki asiye na magamba. Akamwita mpishi.

"Hii samaki ilikuwa na nguo?" akauliza kwa Kiswahili chake.

"Nguo gani, mzee?"

"Ile inang'aa. Juu ya ngozi."

Mpishi, mtu wa Mwanza, akaapa kwamba samaki alikuwa nayo, ila imevuliwa jikoni. Tata akaomba aletewe hiyo iliyovuliwa. Mpishi akaondoka na sahani. Tulikula mkate mkavu hadi Mwanza, mimi nikiutazama ule mchuzi wa watu wengine kwa uchungu.

Kwa garimoshi hadi Dar es Salaam

Mwanza walituambia kriketi huchezwa Dar es Salaam, tukapanda garimoshi. Lilikuwa likisimama mahali pasipo na kituo wala nyumba, na kila liliposimama watu walitokea porini wakiuza kuku wa kukaanga, asali na viazi vitamu. Tata alifurahi sana safari hiyo, na sababu ilikuwa salamu.

Kijana wa kwanza aliyeingia katika behewa letu aliinama akasema, "Shikamoo, mzee." Tata akaniuliza kwa Kikisii, "Anataka nishike nini?" Kabla sijajibu, akamwambia kijana, "Shika wewe." Wa pili alipoingia na neno hilohilo, Tata akajipapasa pembeni, akamkabidhi kikapu chetu. Nilipomweleza kwamba ni heshima kwa wazee, na kwamba ajibu marahaba, alilikariri neno hilo hadi Tabora. Kutoka hapo alikaa karibu na mlango, akikohoa kila mtu akipita, ili asisahauliwe. Aliniagiza niilete salamu hiyo Nyamira nikaifundishe darasani. Ndiyo maana darasa la nne wananisalimu hivyo, na si majivuno yangu kama ilivyosemwa hapa shuleni.

Dar es Salaam tulielekezwa kwa bwana mmoja anayeitwa Salum, fundi wa saa, aliyekuwa mtunza uwanja wa kriketi kila Jumapili. Alitukaribisha barazani kwake vizuri sana, akatuletea kahawa ambayo Tata hakunywa na halua ambayo Tata alikula yote.

"Makori namfahamu kama mwanangu," akasema. "Alitufaa sana. Alichezea nchi hii kwa moyo. Mtanzania yule, mzaliwa wa Musoma."

"Musoma?" nikasema.

"Ndiyo. Kijana wa watu maskini. Baba yake alikuwa mvuvi, akazama ziwani, Mungu amrehemu. Alikuwa akitusimulia habari zake mpaka tunatokwa na machozi."

Salum akainamisha kichwa. Tata aliona tu kwamba mazungumzo yamekatika, akaniuliza kuna nini. Nilijaribu kumwambia nusu, lakini nusu ya habari hiyo haitamkiki. Nikamwambia yote. Akafuta halua mdomoni polepole.

"Mwambie marehemu amefika," akasema.

Salum alipoelewa ni nani aliyeketi mbele yake, aliinuka, akaketi, akainuka tena. Alimpa Tata shikamoo mara mbili. Kisha akatuambia kwamba Makori alikwenda Zambia, kazi zilipopungua Dar na kazi za ufundi zilipokuwa nyingi kule Lusaka. "Wenyeji wa huko walimwona akicheza hapa," alisema, "wakamtamani."

Barabara ya kusini

Kutoka Dar hadi Lusaka ni barabara ya malori. Basi letu lilikufa Mikumi, likafufuliwa. Likafa Iringa, likafufuliwa. Lilipofika Tunduma mpakani lilikataa kabisa, tukalala kwenye banda la mama mmoja muuza wali na maharage, katika baridi kama ya kwetu Nyamira mwezi wa saba.

Tata hakulalamika juu ya basi. Alikuwa na jambo lingine.

"Salum alisema nilizama vipi?" akaniuliza.

"Mtumbwi ulipinduka, Tata."

"Mimi siwezi hata kuvuka mto bila kushikwa mkono."

"Najua."

"Nilikuwa peke yangu kwenye mtumbwi?"

Mama muuza wali akataka kujua tunazungumza nini, na Tata akaomba nimsimulie kifo chake. Akakipenda. Madereva wa malori wakaombwa wasogee wasikie nao. Kila niliposimulia, Tata alinisahihisha na kuongeza. Hadi tunavuka mpaka, mtumbwi ulikuwa umejaa samaki wenye magamba, dhoruba ilikuwa kubwa, na marehemu alikuwa ameokoa watu wawili kabla ya kuzama. Watu walicheka sana, naye alicheka nao. Lakini basi lilipoondoka na wengine wote wakasinzia, nilisikia akisema peke yake, "Lakini kwa nini aniue?" Nikajifanya nimesinzia pia.

Lusaka

Tuliingia Lusaka Jumapili mchana. Dereva wa teksi alimjua Makori. "Ba Makoli? Yule wa kaskazini, kutoka upande wa Mbala?" Tata akauliza amesema nini, nikamjibu kwamba tumepewa kijiji kingine. Akauliza kama huko yu hai. Sikuthubutu kuulizia.

Uwanjani kulikuwa na watu waliovaa nguo nyeupe tupu. Tata aliona weupe huo kwa mbali, akauliza kama ni wauguzi au kwaya. Nikampeleka kwenye benchi. Mmoja wa wale weupe alikuwa amesimama mbele ya vijiti vitatu, na nilimtambua kwa namna anavyokuna sikio kwa bega.

"Ni yeye, Tata. Ameshika gongo."

"Anafanya nini?"

"Anangoja mpira. Sasa ameupiga. Wanakimbia, yeye na mwenzake. Wanapishana."

"Wanakwenda wapi?"

"Upande wa pili. Sasa wanarudi."

"Wamesahau nini?"

Nilimsimulia hivyo alasiri yote, mimi nisiyejua chochote, na mzee wa Kizambia aliyekaa jirani alinisahihisha kwa Kiingereza. Ndivyo nilivyojua kwamba Makori alikuwa amepiga pointi nyingi sana, na kwamba benchi zima lilikuwa linamshangilia kijana wao wa Mbala.

Mchezo ulisimama ili watu wanywe chai. Tata, ambaye analima chai na haigusi kwa imani yake, alishangaa kwamba majani yanafika mbali hivyo. Makori alikuja akivua glavu. Alituona. Akasimama kama aliyegonga ukuta.

Tata alinyoosha mkono, akamgusa uso, akakuta ndevu.

"Makori."

"Ee, Tata."

"Nilikufa kwa nini?"

Makori akanitazama mimi, na mimi nikatazama vikombe.

"Dar kuna waliotaka kwenda Musoma kuuliza kama kweli mimi ni wa huko," akasema. "Nikasema baba amezama, mama ameolewa mbali, nyumba imebomoka. Hawakwenda."

"Mama yako umemwoza? Kwa nani?"

"Sikutaja, Tata."

Mama hasomi Kiswahili, kwa hiyo naandika hapa bila hofu, na mtakaomsomea mtanijua.

Tata hakuuachia uso wa Makori. "Na kwa nini hukurudi?"

Makori akakunja glavu zake. "Nilikuwa nikisema Nairobi wakiniita nitapitia nyumbani kwanza, nimevaa koti la Kenya, mnione. Hapo ningeweza kueleza nilikuwa nafanya nini miaka yote. Hawakuniita. Uganda waliniita, nikaenda. Tanzania waliniita, nikaenda. Na hawa pia."

"Hata sisi tulikuita," Tata akasema.

"Sikusikia, Tata."

Mkono wa mmoja ulibaki kwenye shavu la mwingine. Mimi nilikwenda kumwomba yule mzee wa Kizambia aniongezee sukari, ingawa kikombe changu kilikuwa kitupu.

Hospitali, kisha Jumapili

Mchezaji anayesimama nyuma ya vijiti kudaka mpira, Mhindi mnene aitwaye Mehta, ni daktari wa macho. Alimwona Tata akimtilia Makori sukari kwenye meza badala ya kikombeni. Akamgeuza uso kwenye mwanga, akamfungua kope kwa kidole.

"Mzee ana mtoto wa jicho," akaniambia kwa Kiswahili cha Dodoma, alikozaliwa. "Pande zote mbili."

Tata alilisikia hilo. "Watoto wangu ni hawa wawili na wengine wako nyumbani," akasema. "Huyo wa jicho ni wa nani?"

Tulipomweleza kwamba ni utando, na kwamba unaweza kutolewa, hakuamini. Alikuwa ameshajiandaa kuliacha jua. Aliuliza mara mbili kama hatutanii. Kisha akauliza kama kisu kitatumika siku ya Sabato. Daktari akasema itakuwa Jumatatu.

Walimfanyia upasuaji jicho la kulia. Alilazwa chali, mifuko ya mchanga imewekwa pande zote mbili za kichwa asigeuke, na kwa mtu aliyewahi kukaa benchini Sabato nzima bila kusogea, hiyo ilikuwa kazi ndogo. Makori alikuwa akija kila jioni kumlisha. Ni hapo kitandani ndipo Makori alipokiri kwamba Jumamosi pia hucheza. Tata alitafuna lililokuwa mdomoni, akalimeza.

"Basi Jumamosi usijitahidi," akasema.

Shule zilikuwa zimefunguliwa, najua, Mwalimu Mkuu. Lakini ningemwacha nani amtafsirie? Bandeji ilipotolewa, na baadaye akapewa miwani yenye kioo kinene kiasi kwamba jicho lake lilionekana kubwa kama la ng'ombe, alimtazama kwanza daktari, akamkuta si Makori, akampita. Akanitazama mimi, akasema nimekonda. Halafu akamfikia Makori. Akamtazama kuanzia juu hadi viatu, akarudi juu.

"Umekuwa mzee," akamwambia.

Makori alicheka hadi akalazimika kutoka nje, na alikaa huko kitambo.

Jumapili iliyofuata tulikuwa wa kwanza uwanjani. Tata alivaa tai. Alivitambua vijiti vitatu kwa jicho lake mwenyewe, akavihesabu kwa sauti. Makori alipotoka kwenda kupiga, watu wote walipiga makofi, na Tata akasimama, akaniamuru nami nisimame. Tulimwona akitembea hadi katikati. Tulimwona akigonga ardhi kwa gongo, akikuna sikio kwa bega. Mtupaji akaja mbio kutoka mbali, akarusha.

Vijiti vikaruka. Makori akavitazama, akaweka gongo kwapani, akaanza kurudi.

"Anarudi kuchukua nini?" Tata akauliza.

"Ametoka, Tata."

"Ametoka wapi? Hata hajaingia."

"Akiangushiwa vijiti anatoka. Ndiyo sheria."

"Na atarudi saa ngapi?"

"Leo harudi tena."

Tata alivua miwani, akaipangusa kwa tai, akaivaa, akatazama tena pale katikati, ambapo mtu mwingine alikuwa ameshasimama. Makori alifika, akaketi karibu naye, kichwa chini. Tata akamsogezea nafasi kwenye benchi. Kisha akanigeukia.

"Nyaboke, wewe nenda, watoto wa watu wanakungoja darasani," akasema. "Mimi siwezi kurudi Nyamira nikaseme nilichoona ni hiki."